Mkono wa Kwanza wa Rangi

Watu walimwita Dada Pasi, na wageni walidhani ni kwa sababu ya kibanda chake cha udobi, ambamo pasi hazikupoa tangu asubuhi hadi jioni. Waliomjua walijua kwamba hata angeuza maua angeitwa hivyo hivyo. Mteja aliyeleta shati lenye doa kisha akadai doa ni la dobi aliondoka na shati lake, doa lake, na maneno ya kumtosha mwaka mzima.

Mdogo wake alikuwa kinyume chake kabisa. Alikuwa fundi rangi, na mtaani walimpa jina la Sawa kwa sababu hakuwa na jibu lingine. Mwambie aje kesho, sawa. Mwambie hapana, aje leo, sawa. Mama yao alikuwa na maelezo yake: alisema pilipili yote iliishia kwa mtoto wa kwanza, huyu wa pili akapikwa kwa maji ya kusuuzia chungu. Aliyasema hayo akicheka, zamani, wakati jambo lenyewe lilikuwa bado la kuchekesha.

Maana huyo Sawa, asiyeweza kumkatalia hata mtoto wa jirani anayeomba kupanda ngazi yake, ndiye aliyekuwa gerezani kwa kumuua mtu.

Mambo yalikuwa hivi. Sawa alikuwa anapaka rangi ukuta wa nje wa duka la vifaa vya ujenzi. Asubuhi moja mwenye duka akakutwa stoo, amelala kifudifudi kati ya mifuko ya saruji, kichwa kimepasuka. Polisi walipofika, mtu wa kwanza waliyemwona alikuwa juu ya ngazi, rola mkononi, anaendelea na kazi yake bila habari. Wakamwambia ashuke. Akasema sawa.

Ili mtu aelewe kilichotokea katika chumba cha mahojiano, lazima kwanza awaelewe mafundi rangi. Sawa alifundishwa kazi na mzee mmoja mwenye kikohozi ambaye sheria yake ilikuwa moja tu: mteja habishaniwi, anapakiwa. Mteja akisema ukuta haujakaa vizuri, hata kama umekaa vizuri kuliko kitanda chake, fundi anasema ni kosa langu, bosi. Mteja anapoa. Kisha fundi anarudi na mkono wa pili wa rangi, na huo ndio unaobaki. Mkono wa kwanza hauna heshima kwa mafundi, ni wa kuufunga ukuta tu. Hakuna anayeona haya kwa mkono wa kwanza wenye mabaka, kwa sababu anajua utafunikwa.

Mpelelezi hakumpiga. Watu wakisikia hilo hushangaa, kana kwamba mtu hawezi kuvunjwa ila kwa fimbo. Alimpa chai, akamwita ndugu, akamuuliza. Akamuuliza tena. Akatoka, akaja mwingine na maswali yale yale, akarudi wa kwanza. Hapakuwa na kulala. Mwishowe akamwambia kwa upole: sema tu tumalize, uende nyumbani, mahakamani utaeleza vizuri. Sawa akamtazama akaona mteja aliyekasirika na anayetaka kwenda kwake. Akasema ni kosa lake. Aliamini mahakamani ndiko kwenye mkono wa pili.

Hata maneno yenyewe hakuwa nayo, ilibidi apewe. Maelezo ya kwanza aliyosaini yalisema alitumia nyundo, kwa kuwa polisi walidhani ni nyundo. Daktari alipoichunguza maiti akasema hapana, ni kitu chembamba, kama nondo. Kesho yake Sawa akasaini maelezo mengine, yenye nondo. Wakili aliyepewa na serikali hakuigusa habari hiyo, kwani alikuwa na kesi nyingine ya kuwahi siku hiyo. Jaji alimuuliza Sawa kwa nini alikiri jambo ambalo sasa anasema hakulitenda. Sawa akajibu kwa adabu zake zote kwamba alidhani ni mkono wa kwanza, mheshimiwa. Ukumbi ukacheka. Jaji akaandika kwamba mshtakiwa anafanyia mzaha damu ya mtu. Dada Pasi alikuwa benchi la nyuma, na kile kicheko kilimkaa kooni miaka yote.

Miaka hiyo aliitumia kubisha hodi. Alikwenda ofisi hadi ofisi na mfuko wa sabuni za mdogo wake begani, akaambiwa aje kesho, akaja kesho, akaambiwa anayehusika yuko likizo. Makarani walimjua kwa sauti. Mmoja alijaribu kumwambia kwamba asiyekubali kushindwa si mshindani, naye akamjibu kwamba hayuko pale kushindana, yuko pale kumchukua mdogo wake, na akakaa kwenye benchi hadi karani akaona haya.

Dhiki ina tabia yake. Hukaa muda mrefu bila mlango hata mmoja, kisha siku moja inakufungulia miwili kwa mpigo, nawe huruhusiwi kupita ila mmoja. Mlango wa kwanza ulikuwa wakili, binti mwembamba wa ofisi ya msaada wa kisheria, mwenye miwani iliyofungwa uzi upande mmoja. Huyu aliyasoma maelezo yote mawili, ya nyundo na ya nondo, akauliza swali ambalo hakuna aliyewahi kuuliza: mtu aliyeua kwa mkono wake anasahauje aliua kwa kitu gani? Akaandika ombi kesi ifunguliwe upya. Mlango wa pili ulikuwa jopo la kuwaachilia wafungwa mapema. Sawa alikuwa na sifa nzuri gerezani, mabweni yote ameyapaka rangi, na jina lake likapangwa kusikilizwa.

Tatizo ni kwamba jopo humsamehe anayejuta, na huwezi kujutia usichokitenda. Wakili alilieleza hilo taratibu, akizungusha kalamu. Sawa akisema mbele ya jopo kwamba aliua, ombi la kufungua kesi limekufa. Itakuwa amekiri mara ya pili, na safari hii hakuna chumba kilichofungwa wala kunyimwa usingizi, na dada yake amekaa pale pale anamsikiliza. Hakuna jaji atakayetaka kumsikia tena.

Dada Pasi akauliza ombi litachukua muda gani. Binti hakutaka kumdanganya: linaweza kuchukua mwaka, linaweza kuchukua mitano, na linaweza kukataliwa. Na jopo je? Jopo likikubali, mwezi huo huo yuko nyumbani.

Basi Dada Pasi akaamua. Mama alikuwa anaumwa moyo. Miguu ilivimba, alilala ameegemea mito kwa sababu akilala chali pumzi zinamkimbia, na daktari alikuwa ameacha kuzungumzia kupona, sasa anazungumzia kumfurahisha mgonjwa. Kumfurahisha kwenyewe kulikuwa na jina moja. Kila asubuhi mama aliuliza, "Mwanangu mnamleta lini?" Jina safi lilikuwa jambo zuri, lakini jina safi halimgeuzi mgonjwa kitandani wala halimshiki mkono. Heri nusu shari kuliko shari kamili. Sawa atasema ndiyo, atatoka, mama atamwona, na walimwengu waseme watakayo. Walikuwa wanasema tangu zamani.

Akaenda gerezani siku ya kutembelewa. Chumba cha wageni kilikuwa kirefu, kimegawanywa na waya wa chuma, kina harufu ya dawa ya kudekia sakafu na jasho. Askari wa zamu alikaa kwenye kigoda mlangoni, funguo mapajani, akipambana na usingizi. Sawa akaja amekonda, na mikononi bado ana madoa meupe ya rangi ya mabweni. Alimsalimu dada yake, akauliza hali ya mama, akauliza kama paa la kibanda bado linavuja. Alipoelezwa kuhusu jopo, akasema sawa kabla dada hajamaliza.

"Usiseme sawa tu," Dada Pasi akamwambia. "Watakuuliza maswali. Ukibabaika wataona huna majuto. Tujaribu hapa. Mimi ni mwenyekiti. Haya, ulimuua kwa nini?"

Sawa akafikiri. "Tuligombana."

"Mligombania nini?"

"Malipo?"

"Usiulize, sema. Malipo. Alikucheleweshea, ukapandwa na hasira. Halafu?"

"Halafu nikamfuata stoo. Nikampiga na nyundo."

"Si nyundo," Dada Pasi akasema kwa ukali, akauma meno. "Nondo. Ni nondo, mdogo wangu. Ukisema nyundo watajua hujui. Sema tena."

"Nikampiga na nondo."

"Hivyo. Mara ngapi?"

Sawa akamtazama kupitia waya. Hakuwa na kinyongo, na hilo ndilo lililoumiza baadaye. Aliuliza kwa upole, kama mtu anayeuliza rangi gani ipakwe wapi. "Wao walisema mara mbili. Na wewe unataka mara ngapi?"

Dada Pasi akafungua mdomo kumjibu, na jibu alikuwa nalo. Alikuwa amelikariri njiani. Hapo ndipo sauti yake mwenyewe ikamrudia masikioni, ile ya si nyundo, ni nondo, sema tena. Miaka yote alikuwa akimtafuta mpelelezi huyo moyoni mwake ili amkabe, na sasa alikuwa amekaa kwenye kiti chake.

"Usijali, Dada," Sawa akasema, kwa kuwa aliiona sura yake akadhani ameharibu. "Nitalishika. Afande naye ilibidi anirudie mara nyingi. Nitasema vizuri, mama afurahi."

Kengele ikalia. Askari akaamka na kupiga makofi, wafungwa wakasimama. Dada Pasi alisema ngoja, akasema tena ngoja, lakini chumba kizima kilikuwa kinasema ngoja, na mlango wa chuma ukamfungia mdogo wake ndani. Hapakuwa na siku nyingine ya kutembelea kabla ya jopo.

Kutoka pale hakwenda nyumbani wala kibandani. Alikwenda moja kwa moja kwa wakili, akamkuta anakula karanga juu ya mafaili, akamwambia yote bila kujitetea. Kisha akamsihi: wewe unaruhusiwa kuingia, nenda umwambie asiseme. Mwambie dada yake amesema asiseme.

Binti akavua miwani, akaifuta kwa upindo wa gauni. Alisema ameshamwambia mara nyingi, na kila mara Sawa anajibu sawa. Akija mchungaji wa gerezani akimshauri atubu, anajibu sawa. Anamkubalia kila aliyekuja mwisho.

"Nikienda leo na ujumbe wako, atasema hapana kwa sababu dada yake ametaka hapana," wakili akasema. "Mwenyekiti akimbana kidogo atasema ndiyo, kwa sababu mwenyekiti naye ametaka. Umemtoa mikononi mwa mmoja ukamtia mikononi mwa mwingine. Kinachotufaa, dada, ni neno lake mwenyewe. Na hilo sijui kama mtu amewahi kumwomba."

Dada Pasi alitaka kukasirika, hasira ikakataa kuja. Alijua ni kweli. Hata yeye, katika maisha yao yote, hakuwahi kumuuliza mdogo wake anataka nini; alimwambia anachotakiwa kutaka. Akauliza kama familia huruhusiwa kusema mbele ya jopo. Wakili akasema huruhusiwa, na husema kabla ya mfungwa. Wengi hutumia nafasi hiyo kulia.

"Mimi sitalia," Dada Pasi akasema.

Lakini kwanza kulikuwa na mama. Alimkuta ameketi kitandani, mito nyuma, ameshaagiza jirani afue shuka za kitanda cha Sawa. Dada Pasi akamwelewesha kwamba hatamlazimisha tena mdogo wake. Akitaka kusema ndiyo, aseme. Akisema hapana, atakuwa amerudi ndani na hakuna ajuaye hadi lini. Mama alisikiliza hadi mwisho, kifua kikipanda na kushuka.

"Kwa hiyo mimi nife sijamwona," akasema.

"Sijasema hivyo, mama."

"Ndivyo ulivyosema. Usinipambie." Akageuza uso ukutani, na siku ile nzima hakumsemesha binti yake, hata alipoletewa dawa alinyoosha mkono tu. Dada Pasi aliumia, na alikuwa na hofu ya kweli kwamba anafanya kosa ambalo halitakuwa na wa kumsamehe. Hata hivyo akaenda kibandani akanyoosha gauni lake la heshima, taratibu, kola kwanza, kisha mikono, kama anavyofanya kwa wateja wanaokwenda harusini.

Jopo lilikaa katika ukumbi mdogo wa gereza, uliopakwa rangi upya. Ukuta ulikuwa safi bila alama hata moja ya brashi, na Dada Pasi hakuhitaji kuuliza nani aliupaka. Nyuma ya meza ndefu walikaa watu watatu, mwenyekiti katikati, mwanamume wa makamo mwenye sauti ya baba anayempeleka mtoto shule. Pembeni alikaa mjane wa mwenye duka, amevaa kitambaa cheusi kichwani, mkoba mapajani, mgongo wima. Huyu Dada Pasi alimfahamu kwa mbali tu. Miaka yote walipishana kwenye korido za mahakama bila salamu. Sawa aliletwa akaketishwa mbele, mikono juu ya magoti.

Mjane ndiye aliyeanza. Alisema duka ameliendesha mwenyewe, watoto wamekua. Alisema amechoka kumchukia mtu, chuki ina gharama na yeye amezeeka. "Ninachotaka ni kumsikia kwa mdomo wake," akasema. "Akisema ni yeye, na akaomba radhi, mimi nimemsamehe, na ninyi mwachilieni aende kwa mama yake." Mwenyekiti akatikisa kichwa kwa heshima. Hata Dada Pasi aliguswa. Kila mtu ukumbini mle alikuwa mwema, na kila mmoja alikuwa anangoja ndiyo.

Akaitwa yeye. Akasimama, akashika mgongo wa kiti kilichokuwa mbele yake.

"Waheshimiwa, nina jambo moja, halafu nikae," akasema. "Siku ya kutembelea nilikuja hapa nikamfundisha mdogo wangu majibu. Sababu ya ugomvi nilimpa mimi. Silaha nilimrekebisha mimi, maana alikosea, kama alivyokosea kwa polisi wakamrekebisha. Mtu anayejua alichokifanya hasahihishwi. Kwa hiyo mkisikia kutoka kwake habari ya malipo na nondo, hiyo ni sauti yangu. Nilikuwa namtaka nyumbani. Bado namtaka, mama yetu anaumwa, na mnaweza kuandika hilo."

Mwenyekiti akainua mkono, akasema mama, hilo unaweza kulieleza kwa wakili. Dada Pasi akamwambia anamalizia. Akamgeukia Sawa.

"Ndiyo niliyokupa nimeichukua," akamwambia. "Na hapana sikupi. Sema lako."

Mwenyekiti akagonga meza, akamkumbusha kwamba haruhusiwi kuzungumza na mfungwa. Dada Pasi akaketi.

Mwenyekiti hakuwa mtu mbaya. Alivuta kiti karibu, akamwambia Sawa kwamba asitishwe na yaliyosemwa, jopo limeona sifa zake, wanajua ni mtu mtulivu. Muungwana akivuliwa nguo huchutama, akasema. Kukiri si aibu, na mlango uko wazi mbele yake. Kisha akauliza, kwa upole ule ule, "Ndugu, wewe ndiye uliyempiga marehemu?"

Sawa akamtazama mwenyekiti. Akamtazama dada yake, kwa mazoea, kama mtu anayetafuta swichi ukutani gizani, na Dada Pasi akafumba macho ili asisome kitu usoni mwake. Lilikuwa jambo gumu kuliko yote aliyowahi kumfanyia. Mtu mmoja wa jopo akakohoa. Mwenyekiti akarudia swali.

"Hapana," Sawa akasema.

Alilisema kwa sauti ndogo, ikabidi mwandishi wa jopo amwombe arudie.

"Hapana. Sikumpiga. Niliona mlango wa nyuma uko wazi nikadhani yuko kazini, nikapanda ngazi yangu. Kule polisi nilisema ni mimi kwa sababu aliyeniuliza alitaka hivyo, na mimi mtu akitaka kitu huwa nampa. Na ninyi leo mnataka, na mmeniuliza vizuri kuliko yeye. Nilikuja hapa nikiwa nimeshakubali kuwapa. Lakini sikumpiga." Kisha akamgeukia mjane. "Mama, unisamehe. Hilo ulilolifuata hapa sinalo."

Mwenyekiti akamuuliza kama anaelewa maana ya maneno yake. Sawa akasema anaelewa, anarudi ndani. Mwenyekiti akamuuliza kama anataka muda wa kufikiri. Sawa akasema hapana tena, na safari hii haikuhitaji kurudiwa. Dada Pasi alifumbua macho. Alikuwa amejiapiza kutolia, na hakulia, ila ilibidi atazame dari. Mdogo wake alikuwa amepoteza kila kitu alichokuwa anapewa asubuhi ile, na hakuwahi kujivunia mtu namna hiyo maishani mwake.

Walipotoka nje jua lilikuwa kali. Kando ya geti kulikuwa na ukuta mfupi wenye kivuli, akaegemea hapo akampigia mama simu. Mama akapokea haraka, kwa hiyo alikuwa ameishika mkononi. Dada Pasi akamwambia Sawa haji. Hawakumkatalia, amekataa mwenyewe. Waliuliza na akasema hapana.

Upande wa pili akasikia pumzi tu.

"Nani alimwambia aseme hivyo?"

"Hakuna mtu, mama."

Pumzi tena. Kisha mama akauliza kama amekula, kama amekonda sana, na kama kikohozi cha mwaka jana kimepona. Akasema wamwambie wakili aongeze mwendo, yeye ataendelea kunywa dawa zake. Akakata simu bila kuaga, kama kawaida yake.

Dada Pasi alipogeuka, mjane alikuwa amesimama hatua chache kutoka kwake. Kitambaa kilikuwa kimeteleza kidogo na nywele za mvi zilionekana. Hakuwa na ule mgongo wima tena. Dada Pasi akajiandaa kutukanwa, akasema moyoni kwamba safari hii hatajibu.

"Miaka yote hii nimelala," mjane akasema. "Nikiamka usiku nasema, yuko ndani, nalala tena. Watoto wakiogopa nawaambia, yuko ndani. Nimeuza saruji, nimeuza misumari, nimemrudishia chenji kila anayeingia, kwa sababu yuko ndani." Alikuwa na hasira, na hajui aiweke wapi. "Sasa niambie wewe uliyejua. Kama si huyu, ni nani?"

Ofisi zote zile, mabenchi yote yale, Dada Pasi alipigania kwamba si mdogo wake, na hakuwahi hata siku moja kujiuliza ni nani basi. Mtu aliuawa, na yule aliyemuua hakuna aliyemtafuta tangu siku Sawa aliposema ni kosa langu. Kesi ilifungwa, na yeye akatembea zake. Pengine alikuja msibani, pengine hata kununua misumari.

"Sijui, mama," akasema. "Hakuna anayejua. Waliacha kutafuta."

Mjane akalitazama geti la gereza, kisha akamtazama yeye.

"Sijasema nimewaamini," akasema.

"Sijakuomba."

"Huyo wakili wenu. Mimi nikisema nataka kesi ya mume wangu ifunguliwe, mimi mwenyewe, mkewe, watanisikiliza?"

Dada Pasi alifikiri juu ya yule binti na mafaili yake na karanga zake. Alisema watalazimika.

"Anakaa wapi?"

"Ng'ambo ya soko. Si mbali kwa miguu."

Mjane akarekebisha kitambaa chake, akaubana mkoba kwapani. "Twende sasa hivi, kabla hajafunga," akasema, na akavuka barabara yeye wa kwanza.